Maisha ya Bibi Salme, Binti wa Seyyid Said

Jina la Seyyid Said bin Sultan twalijua sote, maana halikosekani katika mitihani ya historia. Ndiye aliyetoka Maskati akaja kukaa Unguja, akataka mikarafuu ipandwe mashambani, na biashara ya pwani ikawa mkononi mwake. Tusiyoyajua sana ni mambo ya watoto wake, nao walikuwa wengi: alipokufa aliacha wana na mabinti 36. Nataka kueleza habari za mmoja wao, Bibi Salme, ambaye Wazungu humwita Emily Ruete. Nimemchagua yeye kwa kuwa alifiwa na baba, mama, mtoto na mume kabla hajatimiza miaka 26, kisha akatengwa na ndugu zake waliokuwa hai; tena kwa ajili ya mambo machache aliyoyatunza ili watu wake hao wasimpotee kabisa.

Alizaliwa tarehe 30 Agosti 1844 katika jumba la Mtoni, kaskazini ya mji wa Unguja, mahali ambapo kijito huingia baharini. Mtoni hapakuwa nyumba ya mtu na watoto wake, bali palikuwa kama mji mdogo. Kwa hesabu yake mwenyewe, watu waliokaa humo walizidi elfu moja. Katikati palikuwa na ua mpana, na humo tausi, mbuni na swala walitembea kama kuku wanavyotembea kwetu. Upande wa baharini palikuwa na baraza ya mviringo iliyojengwa kwa mbao, na hapo Seyyid Said alipenda kutembea huku na huku peke yake akiwaza, akichechemea kidogo kwa sababu ya risasi aliyopigwa vitani zamani. Miaka mingi baadaye, alipoandika habari za baba yake, Bibi Salme hakuusahau mchechemeo ule. Sisi katika vitabu vyetu tunasoma mikataba ya Seyyid Said na Waingereza na Wamarekani. Mtoto wake alishika namna alivyokwenda.

Mama yake aliitwa Jilfidan. Alikuwa mtu wa Circassia, nchi iliyo upande wa milima ya Kaukasi, mbali sana na Unguja. Vita vilipoingia kwao wazazi wake waliuawa, na watoto watatu waliobaki, yeye na kaka yake na mdogo wake wa kike, wakachukuliwa na kutawanywa. Hakusikia habari zao tena maisha yake yote. Alifika kwa Seyyid Said angali mtoto mdogo, hata jino lake la kwanza la utoto lilimng'oka katika nyumba ile, na kwa jino hilo ndipo watu walipoweza kukisia kwamba alikuwa na miaka saba au minane. Alilelewa pamoja na watoto wa Seyyid waliokuwa wa umri wake, na alipokua akawa suria wake. Mimi nilipoyasoma hayo nilifikiri kwamba huyu mama hakuwa na kitu chochote cha kwao cha kumwonyesha binti yake, wala nguo, wala pete, wala mtu wa kusema naye lugha ya nyumbani. Alikuwa na hadithi ile tu, akamwachia mtoto.

Bibi Salme alipokuwa na miaka kama saba, yeye na mama yake walihamia mjini, katika nyumba ya Majid, mmoja wa wana wa Seyyid, aliyekuwa kijana na akampenda sana dada yake mdogo. Majid alimfundisha kupanda farasi na kupiga shabaha. Jambo jingine alijifundisha mwenyewe, nalo ndilo lililoyageuza maisha yake. Desturi ya siku zile wasichana walifundishwa kusoma Kurani, lakini kuandika hawakufundishwa. Wavulana waliandika kwa kalamu na wino juu ya mfupa wa bega la ngamia uliosafishwa ukawa mweupe. Basi Bibi Salme akajipatia mfupa wake, akafungua msahafu, akaanza kuiga herufi moja moja kwa siri mpaka mkono ukazoea. Walipojua, wengine walimlaumu, lakini kazi ilikuwa imekwisha fanyika. Ningependa wasichana wa kidato cha kwanza wanaolalamika juu ya daftari waifikirie habari hii.

Mwaka 1856 Seyyid Said alikuwa akirudi kutoka Oman kwa meli yake iliyoitwa Victoria. Jamaa zake Unguja walikuwa wakimngojea kwa furaha, wamejiweka tayari. Yeye alifariki dunia baharini mwezi Oktoba, meli ikiwa karibu na visiwa vya Shelisheli. Mwanawe Barghash, aliyekuwa pamoja naye melini, hakukubali baba yake atupwe baharini kama ilivyo desturi ya mabaharia. Maiti ililetwa mpaka Unguja, naye Barghash akaizika usiku kwa siri, ndugu zake wasijue. Alitaka kujipatia nafasi ya kutawala kabla habari hazijaenea, lakini hakufanikiwa, na Majid ndiye aliyekuwa Sultani wa Unguja. Bibi Salme alikuwa na miaka 12. Alikuwa akingoja baba ashuke melini, akapewa habari kwamba amekwisha zikwa.

Huku kwetu Rungwe mtoto hupelekwa msibani. Hukaa na wenziwe nje penye moto, huwaona watu wazima wakija na ndizi na kuni, huliona kaburi likichimbwa, na mara nyingi kaburi lenyewe liko pale pale karibu na nyumba, migombani, ambapo atapita kila siku akienda kuchota maji. Hata asipoambiwa neno, huelewa. Sisemi kwamba kwa hiyo huzuni inakuwa nyepesi. Nasema tu kwamba anayezikiwa usiku bila kujua hukosa kitu kikubwa, maana moyo wake huendelea kuitazama bahari.

Miaka mitatu baadaye, mwaka 1859, kipindupindu kikaingia Unguja kikaua watu wengi mjini na mashambani. Jilfidan akapatwa nacho, akafa. Binti yake alikuwa karibu miaka 15, hana baba wala mama. Mali alikuwa nayo, kwa maana alikuwa amerithi shamba na fedha kutoka kwa baba yake, na mama yake akamwachia mashamba matatu. Lakini nyumba kubwa ya Seyyid Said ilikuwa imekwisha gawanyika, na katika mgawanyiko ule hapakuwa na mtu mzima wa kumwongoza.

Mgawanyiko wenyewe ulikuwa hivi. Barghash hakuridhika Majid atawale, akafanya njama ya kumwondoa. Dada yao Khole, ambaye Bibi Salme alimpenda kupita wote, alikuwa upande wa Barghash, naye akamvuta mdogo wake. Hapo ule mfupa wa ngamia ukaleta matokeo yasiyotazamiwa: kwa kuwa aliweza kuandika, msichana huyu wa miaka 15 akawa mwandishi wa barua za njama, akiandika kinyume cha yule kaka aliyemlea. Njama ilivunjwa kwa msaada wa Waingereza, na Barghash akapelekwa Bombay. Bibi Salme akaenda kukaa mashambani, Kisimbani na baadaye Bububu. Majid hakumwadhibu. Baada ya muda akapatana naye, akarudi mjini kukaa. Lakini kupatana na Majid kulikuwa kukosana na Khole na Barghash, nao hawakumsamehe. Katika jamaa iliyogawanyika, anayekwenda kupatanisha huhesabiwa na kila upande kuwa ni wa upande wa pili.

Alipokaa mjini jirani yake alikuwa mfanya biashara wa Kijerumani, Rudolph Heinrich Ruete, kijana wa Hamburg. Nyumba zilikaribiana, kama zilivyo nyumba za mji ule hata leo, nao wakajuana, wakapendana, na Bibi Salme akachukua mimba. Kwa binti wa Sultani jambo hilo lilikuwa la hatari ya maisha. Mwezi Agosti 1866 akapanda usiku katika meli ya kivita ya Kiingereza iliyoitwa Highflyer, ikamchukua mpaka Aden. Alikuwa na miaka 22 kamili au karibu. Mwezi wa Desemba mwaka ule alijifungua mtoto wa kiume, akaitwa Heinrich. Tarehe 30 Mei 1867 Ruete akiwa amemfuata Aden, alibatizwa, akapewa jina la Emily, na siku ile ile wakafunga ndoa. Kisha wakasafiri kwenda Ulaya. Mtoto Heinrich alikufa njiani, walipokuwa wakipita katika nchi ya Ufaransa. Alizaliwa ugenini akafa safarini, wala hakuiona Unguja ya mama yake wala Hamburg ya baba yake.

Habari za Hamburg ni ndefu, nami nitaeleza moja tu, ile inayonigusa zaidi. Bibi Salme alipofika hakujua Kijerumani. Mumewe alikijua Kiswahili, nacho ndicho walichosemezana. Kwa hiyo katika mji ule mkubwa wa baridi na moshi, wenye maelfu ya watu, palikuwa na mtu mmoja tu ambaye angeweza kumwambia kwamba amechoka au kwamba ameota ndoto ya nyumbani. Asubuhi mtu huyo akienda kazini, nyumba ilibaki bila lugha mpaka jioni.

Walipata watoto watatu: Antonie mwaka 1868, Rudolph mwaka 1869 na Rosalie mwaka 1870. Hayo ni majina ya Kijerumani, ndiyo yaliyoandikwa shuleni. Lakini kila mmoja alikuwa na jina la pili: Antonie aliitwa pia Thawka, Rosalie aliitwa Ghuza, na mvulana aliitwa Said. Kwetu hapana haja ya kueleza maana ya kumpa mtoto jina la babu yake aliyekufa. Mama huyu hakuweza kwenda kusimama kaburini kwa baba yake, lakini kila alipomwita mwanawe ale chakula alilitaja jina la Seyyid Said ndani ya nyumba ya Hamburg. Ipo pia picha yake maarufu iliyopigwa katika mji ule, ambamo amevaa mavazi ya mabibi wa Unguja, kama anayesema kwamba mwanamke yule hajafa.

Mwaka 1870 ndio uliokuwa mwaka mbaya. Rosalie alizaliwa mwezi wa Aprili. Mwezi wa Agosti Ruete aliangushwa na tramu, gari la reli ya mjini lililokokotwa na farasi siku hizo, akaumia vibaya, na tarehe 6 Agosti akafa. Miezi miwili baadaye, mwezi wa Oktoba, Majid naye akafa huko Unguja, naye ndiye kaka ambaye hakumlaani kwa kuondoka. Aliyekalia kiti baada yake ni Barghash. Basi katika majira yale machache mjane huyu alipoteza mtu wa kusema naye Kiswahili, na alipoteza pia mlango wa kurudia nyumbani. Mtoto mkubwa alikuwa na miaka miwili, mdogo ananyonya.

Fedha za mumewe hazikumfikia kama alivyotarajia, kwa kuwa sheria na wasimamizi wa nchi ile walimwona kuwa mgeni. Akahama mji hata mji akitafuta mahali pa gharama ndogo: Dresden, Rudolstadt, Berlin, Köln. Akafundisha Kiarabu ili apate riziki. Binti aliyelelewa kati ya watumishi akajifunza kupika, kufua na kuhesabu senti. Jambo hilo wengine husimulia kama ajabu. Mimi silioni kuwa ajabu, maana wajane wengi tunawajua waliofanya hivyo bila kuwa na baba Sultani.

Ajabu, kwa maoni yangu, ni kazi aliyoianza usiku katika miaka ile. Afya yake ilikuwa imedhoofika, akaogopa kwamba atakufa kabla watoto wake hawajafikia umri wa kuelewa mambo, nao wangebaki bila kujua mama yao alikuwa nani. Basi akaketi kuandika. Aliandika habari za Mtoni na tausi wake, ya baraza ya mviringo, ya jino la Jilfidan, ya msahafu na mfupa, ya sikukuu, ya dawa za wagonjwa, ya vyakula, ya ndugu waliogombana. Aliandika kwa Kijerumani, lugha aliyojifunza ukubwani, kwa kuwa ndiyo waliyoijua watoto. Hakuwa na nia ya kuuza kitabu. Lakini kwa kushauriwa na rafiki alikubali kichapishwe, kikatoka Berlin mwaka 1886, nacho ndicho kitabu cha kwanza kijulikanacho ambacho mwanamke wa Kiarabu ameandika juu ya maisha yake mwenyewe.

Naomba wasomaji wanivumilie niseme neno langu hapa. Katika tranka langu bwenini ninacho kitenge cha marehemu mama. Nilikuja nacho hapa kidato cha kwanza, nami sijakifua mpaka leo, maana kilikuwa na harufu ya moshi wa jikoni kwetu. Harufu inapungua kila muhula. Kisondela ni nchi ya mvua na ukungu, na kila kitu ndani ya tranka hushika unyevu, hata kitenge sasa kinanukia tranka tu. Niliposoma kwamba Bibi Salme aliandika kwa sababu aliogopa watoto wasije wakasahau, nilichukua daftari nikaandika yote ninayoyakumbuka juu ya mama, namna alivyomenya ndizi, jina alilomwita ng'ombe wetu, wimbo alioimba akichuma chai. Zimefika kurasa sita. Nilidhani zingekuwa nyingi zaidi.

Kuandika hakukumtosha Bibi Salme. Alitaka kurudi. Mwaka 1875 Barghash alikwenda London kuitembelea Serikali ya Kiingereza, na dada yake akavuka bahari akitumaini kuonana naye. Bwana mkubwa mmoja, Sir Bartle Frere, alimshauri aache jambo hilo, naye akaahidiwa kwamba watoto wake watasaidiwa. Akakubali kwa ajili ya watoto. Barghash akaondoka, na ahadi haikutimizwa. Mwaka ule ule Khole akafa huko Unguja, bila wao wawili kuonana tena.

Mwaka 1885 akapata nafasi nyingine, na hapa historia yake inagusana na yetu. Serikali ya Kijerumani ilikuwa inataka nchi za bara, naye Barghash alikataa kuzitambua hati zao. Mwezi wa Agosti manowari za Kijerumani zikatia nanga mbele ya jumba lake zikiwa na mizinga. Pamoja nazo ilikuja meli ya Adler, na ndani yake alikuwamo Bibi Salme na watoto wake watatu. Yeye alikuja kuwaona ndugu zake na kudai urithi wake. Waliomleta walimtumia kumsukuma Barghash. Barghash alikubali matakwa ya Wajerumani juu ya nchi, wala hakukubali kuonana na dada yake. Miaka sita baada ya mizinga ile, mwaka 1891, wamisionari wa Kijerumani wa Moravian wakafika Rungwe, na baadaye Tukuyu yetu ikaitwa Neu Langenburg. Tunapoyatazama majengo ya zamani ya Wajerumani wilayani kwetu, tukumbuke kwamba mwanzoni mwa safari ile, melini, alikuwamo mama mmoja aliyetaka tu kubisha hodi nyumbani.

Mlango haukufunguliwa, lakini watu wa mji walimlaki. Alipopita njiani walimfuata kwa wingi wakimsalimu kwa Kiswahili na Kiarabu, hata Barghash akachukizwa. Alikwenda pia Mtoni. Nyumba aliyozaliwa alikuta sehemu kubwa imekwisha anguka, ngazi zimeharibika, majani yameota juu ya kuta. Watoto wake, ambao walilijua jumba lile kwa masimulizi tu, ndio kwanza walione, nalo lilikuwa gofu.

Alirudi mara ya mwisho mwaka 1888, baada ya kusikia kwamba Barghash amekufa. Alitumaini ndugu mwingine, Khalifa, aliyetawala baada yake, atakuwa na moyo laini. Naye hakumpokea. Sababu waliyoitoa ndugu zake ilikuwa kwamba ameacha dini na kuolewa na Mkristo, kwa hiyo urithi hana. Nimejaribu kuwaelewa, maana kwa sheria yao jambo lile lilikuwa zito, na aibu ilikuwa ya nyumba nzima. Hata hivyo, aliyefiwa na mtu aliye hai ana taabu kuliko aliyefiwa na mfu, kwa kuwa hakuna matanga ya kuimaliza huzuni yake. Kila meli humfanya atumaini upya.

Baada ya hapo hakurudi kukaa Ujerumani. Alikwenda Jaffa, kisha Beirut, akakaa pande zile za Shamu mpaka mwaka 1914, miaka kama 25, mahali ambapo angalau aliisikia njiani lugha ya baba yake.

Sitaki kumsifu kuliko inavyostahili. Katika kitabu chake Bibi Salme aliutetea utumwa wa Unguja, akasema kwamba watumwa wa Waarabu walitendewa vizuri kuliko Wazungu walivyodhani. Jambo hilo limewaudhi wengi, na ni haki. Katika mji wa Hamburg uwanja mmoja ulipewa jina lake mwaka 2019, na muda mfupi baadaye wakuu wa wilaya ile wakaamua kuliondoa jina hilo kwa sababu ya maneno yale. Mimi nashangaa zaidi kwa ajili ya Jilfidan. Mtu aliyejua kwamba mama yake alinyang'anywa wazazi na ndugu akiwa mtoto wa kung'oka jino, angewezaje kutoyaona machozi ya watoto wa bara waliopitishwa Bagamoyo? Labda kumbukumbu tunayoipenda sana hutufumba jicho moja. Aliikumbuka Mtoni kwa macho ya mtoto aliyekaa juu barazani, na waliofagia ua hawakupata mtu wa kuwaandikia kitabu.

Vita Kuu vilipoanza alirudi Ujerumani, akakaa na jamaa ya binti yake Rosalie, na mwisho katika mji wa Jena. Huko akapatwa na ugonjwa wa mapafu, akafa tarehe 29 Februari 1924, tarehe ambayo kalenda huileta mara moja tu kwa miaka minne. Alikuwa na miaka 79. Walipoangalia vitu vyake walikuta kifuko kidogo chenye mchanga. Ulikuwa mchanga wa pwani ya Unguja, ambao alikuwa akiuchukua pamoja naye popote alipohamia. Fikiri idadi ya nyumba alizokaa, na kila mara akifungasha nguo na vyombo, na kifuko kile nacho kimo. Mchanga hauwezi kuvaliwa wala kuuzwa, wala hauna harufu ya mtu. Lakini baba yake na Majid walilala katika ardhi ile, na mama yake pia.

Alizikwa katika makaburi ya Ohlsdorf, Hamburg, penye kaburi la jamaa ya Ruete, na ule mchanga ukazikwa pamoja naye.

Mwanawe Rudolph, ambaye alipokuwa mtu mzima alijiita Said-Ruete, aliandika kitabu juu ya maisha ya babu yake Seyyid Said, kikatoka mwaka 1929. Alikusanya pia karatasi za mama yake na vitabu vingi juu ya Unguja na Oman, akavitoa kwa chuo cha mji wa Leiden, Uholanzi. Miongoni mwa karatasi hizo zilikuwamo barua ndefu alizoziandika Bibi Salme juu ya maisha yake ya Ujerumani, kuhusu baridi, ujane, na kuhusu nyumba isiyo na lugha. Hazikuchapishwa wakati wa uhai wake. Zilitolewa kwa Kiingereza mwaka 1993. Zote ameziandika kwa rafiki mmoja aliyebaki Unguja, ambaye jina lake hakulitaja.